Alanis Obomsawin na swali la daftari ni la nani

Mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii aghalabu hutumiwa kumwonya mwenye duka asiyetunza hesabu, lakini ina upungufu mmoja ambao wasemaji wake hawakuwa na sababu ya kuushughulikia, kwa kuwa walichukulia kwamba mwenye mali na mwenye daftari ni mtu yule yule. Hali huwa tofauti kabisa pale daftari linaposhikwa na yule aliyeichukua mali. Hapo mali haipotei bila habari. Hupotea ikiwa na habari nyingi, zenye mihuri na sahihi, zote zikithibitisha kwamba aliyepoteza alikubali kwa hiari yake.

Hiyo ndiyo historia ya dola ya Kanada na mataifa yaliyokuwapo katika ardhi ile kabla yake, na ndiyo historia ambayo Alanis Obomsawin, mwongozaji wa filamu za hali halisi kutoka taifa la Waabenaki, ameishughulikia tangu mwaka 1971 katika filamu zaidi ya 50. Wanaomsifu hupenda kumwita sauti ya wasio na sauti. Sifa hiyo, pamoja na nia njema iliyomo, naiona inapotosha. Watu anaowarekodi walikuwa na sauti tangu zamani, na waliitumia mbele ya maofisa, mbele ya mapadri na mbele ya mahakimu. Walichokosa ni mahali ambapo maneno yao yangewekwa kwa uzito ule ule uliopewa karatasi ya serikali. Kazi ya Obomsawin huielewi vizuri mpaka uisome kama daftari la pili, lililofunguliwa na upande unaodai.

Neno moja kuhusu majina kabla ya kuendelea. Vitabu vingi vya Kiswahili vya zamani viliwaita watu hawa Wahindi Wekundu, na kwa kufanya hivyo vilirithi kosa la mabaharia wa Ulaya waliodhani wamefika Bara Hindi. Wenyewe hujiita kwa majina ya mataifa yao, kama vile Waabenaki, Wamikmaki, Wamohawki na Wakrii, na katiba ya Kanada inawatambua wenyeji wa asili katika makundi 3 makubwa ambayo leo huitwa Mataifa ya Kwanza, Wainuiti na Wametisi. Ni jambo dogo, lakini katika makala inayohusu nani ana haki ya kuandika habari za nani, jina la kupachikwa ni pahali pabaya pa kuanzia.

Obomsawin alizaliwa tarehe 31 Agosti 1932 katika jimbo la New Hampshire, Marekani, akapelekwa angali mchanga Odanak, kijiji cha Waabenaki kilichoko Quebec kaskazini mashariki ya Montreal. Huko alipata elimu yake ya kwanza kwa Théophile Panadis, binamu ya mama yake, aliyemfundisha nyimbo na hadithi za taifa lao. Alipofika umri wa miaka 9 familia ilihamia mji wa Trois-Rivières, ambako wao peke yao ndio waliokuwa wenyeji wa asili, na shuleni alipigwa na kutukanwa na watoto wenzake. Amesimulia mara nyingi jinsi somo la historia lilivyokuwa saa ya hatari kwake, kwa kuwa kitabu kiliwaeleza watu wa asili kama washenzi walioua mapadri, na darasa likishatoka hapo lilikuwa na mtu wa kumwadhibu. Baba yake alifariki kwa kifua kikuu binti akiwa na miaka 12. Inawezekana kuisoma kazi yake yote ya baadaye kama jibu kwa kitabu kile cha darasani, ingawa yeye mwenyewe hazungumzi kama mtu anayelipiza.

Hakuanza na kamera. Alianza kwa kuimba na kusimulia hadithi, jukwaani katika ukumbi wa Town Hall mjini New York mwaka 1960, kisha katika shule, magereza na matamasha nchini Kanada. Jina lake lilifika kwenye televisheni katikati ya miaka ya 1960 kwa sababu ya bwawa la kuogelea: mto uliopita Odanak ulikuwa umechafuka, bwawa la jirani halikuwaruhusu watoto wa Kiabenaki, na yeye alikuwa akiimba ili kuchangisha fedha za kuwajengea la kwao. Habari hiyo iliwavutia watayarishaji wa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, ambao mwaka 1967 walimwita awe mshauri. Msimuliaji huyu aliingia katika taasisi ya serikali kwa mlango wa pembeni, akapewa kiti cha ushauri katika filamu za watu wengine. Hakutoka tena, na kiti hicho alikigeuza kuwa cha mwongozaji. Pamoja na filamu, katika miaka ya 1970 alitengeneza vifaa vya kufundishia kwa ajili ya shule, kimoja juu ya jamii ya Manawan na kingine juu ya Lil'wat, ambamo wanajamii wenyewe walijieleza. Aliyeumizwa na kitabu cha darasani alirudi darasani akiwa na kitabu kingine.

Namna yake ya kufanya kazi ndiyo kiini cha suala hili, na kwa maoni yangu haijapewa uzito unaostahili. Obomsawin huanza na sauti. Kabla ya kamera kufika, huenda peke yake na kinasa sauti, hukaa na mtu kwa saa nyingi, humwacha azungumze mpaka achoke au mpaka anyamaze, na baadaye sana ndipo wapiga picha huitwa. Mara nyingi maneno tunayoyasikia katika filamu zake ni yale ya kikao cha kwanza, na picha zimewekwa juu yake kama mtu anavyotandika mkeka juu ya sakafu iliyokwisha kujengwa. Yeyote aliyewahi kuhojiwa mbele ya kamera anajua tofauti yake. Kamera humfanya mtu apange uso na kufupisha maneno. Kinasa sauti, katika chumba chenye watu wawili, husahaulika baada ya muda. Lakini sababu si ya kiufundi tu. Mtu aliyelelewa katika utamaduni wa kusimuliwa hujua kwamba msikilizaji ana wajibu ndani ya simulizi, na kwamba neno lililotamkwa mbele ya shahidi lina nguvu ya ahadi. Obomsawin amechukua kanuni hiyo ya Odanak akaifanya kuwa kanuni ya filamu.

Matokeo yake yanaonekana vizuri katika filamu ya mwaka 1984 juu ya Restigouche, jamii ya Wamikmaki ambayo leo hujulikana kama Listuguj. Mnamo Juni 1981, tarehe 11 na tena tarehe 20, mamia ya polisi wa Quebec waliivamia jamii hiyo, wakachukua nyavu, wakapiga na kukamata watu, kwa sababu serikali ya jimbo ilitaka kupunguza uvuvi wa samaki aina ya samoni uliokuwa ukifanywa na Wamikmaki. Kufikia hapo ni habari ya kawaida ya dola na wavuvi. Jambo la pekee ni kwamba serikali iliyotuma polisi ilikuwa ya chama kile kile ambacho, mwaka mmoja tu kabla, kilikuwa kimewaita watu wa Quebec kwenye kura ya maoni ili wakipe idhini ya kudai mamlaka yao kamili juu ya ardhi yao. Obomsawin amesimulia kwamba ndani ya Bodi aliambiwa anaweza kuwahoji wenyeji lakini si Wazungu. Alikataa, akaenda kumhoji waziri mhusika, Lucien Lessard.

Mahojiano hayo ni kipande kinachopaswa kuonyeshwa katika kila chuo cha uandishi wa habari. Waziri alikuwa amewaambia viongozi wa Wamikmaki kwamba hawawezi kudai mamlaka kamili, kwa kuwa mamlaka hayo yanahitaji taifa liwe na utamaduni wake, lugha yake na ardhi yake. Obomsawin anamrudishia maneno yake mwenyewe, moja baada ya jingine, bila kupaza sauti, huku hasira yake ikionekana wazi. Anamwambia kwamba aliudhika. Kwa mizani ya uandishi wa habari wa siku zile lilikuwa kosa, kwani mhoji alitarajiwa ajifiche nyuma ya swali. Yeye hakujificha, na kwa kutojificha alionyesha kwamba mtu aliyehojiwa naye hakuwa upande wa haki uliotulia, bali mwenye dai linalofanana na lile la wavuvi, ambaye hakuwa tayari kuwatambulia wengine alichojitambulia yeye mwenyewe.

Miaka 2 baadaye alitoa filamu juu ya Richard Cardinal, kijana wa Kimetisi wa jimbo la Alberta aliyejiua mwaka 1984 akiwa na miaka 17, baada ya kuondolewa kwao angali mdogo na kuhamishwa mara 28 kati ya familia za kulea, makazi ya vikundi na vituo vingine. Idara ya ustawi wa jamii bila shaka ilikuwa na jalada lake, lenye tarehe na anwani zote. Kijana naye alikuwa ameacha shajara. Obomsawin aliifanya shajara hiyo kuwa uti wa mgongo wa filamu, ikisomwa kwa utulivu, na kwa muda wa nusu saa hivi mtazamaji anaona maisha yale yale yaliyoorodheshwa na idara yakiandikwa na aliyeyaishi. Sijui filamu nyingine inayoeleza kwa ufupi zaidi tofauti kati ya kumbukumbu ya taasisi na kumbukumbu ya mtu. Jalada lilijua alikuwa wapi kila mwezi. Hakuna ukurasa wake uliouliza anamkumbuka nani.

Kazi iliyompa umaarufu wa dunia ni ile ya mwaka 1993 juu ya Kanehsatake, jamii ya Wamohawki. Mji wa Oka, magharibi ya Montreal, ulitaka kupanua uwanja wa gofu kutoka mashimo 9 kufikia 18, na upanuzi huo ungeingia katika msitu wa misonobari wa Wamohawki, pembeni ya makaburi yao. Walifunga njia. Asubuhi ya tarehe 11 Julai 1990 polisi wa Quebec walishambulia kizuizi hicho, risasi zikafyatuliwa, na koplo mmoja wa polisi akauawa. Wamohawki wa Kahnawake wakafunga daraja la Mercier kuwaunga mkono ndugu zao, na mwezi uliofuata jeshi la Kanada likaletwa. Mzingiro uliendelea kwa siku 78, hadi tarehe 26 Septemba. Obomsawin alisikia habari za risasi redioni akiwa njiani kwenda kwenye kazi nyingine, akaiacha, akaenda huko. Wanahabari wengi walikuwa nyuma ya askari, na kwa hiyo walichokiona ni migongo ya askari na, kwa mbali, watu waliofunika nyuso. Yeye alikuwa ndani ya seng'enge pamoja na waliozingirwa, na kuna siku alilazimika kushika vifaa vyote mwenyewe.

Wengi huikumbuka filamu hiyo kwa picha za askari na wapiganaji wakitazamana uso kwa uso. Mimi naona kitendo chake kikubwa ni hesabu iliyomo katika jina lake, miaka 270 ya upinzani. Magazeti yalihesabu mgogoro kuanzia Julai. Obomsawin alihesabu kuanzia mwaka 1717, pale mfalme wa Ufaransa alipowapa mapadri wa shirika la Sulpice ardhi ile kwa hati. Wamohawki waliipinga hati hiyo tangu mapema, kwa maombi, kwa kesi, kwa kukatalia ardhini, na kila walipopinga walijibiwa kwa kuonyeshwa karatasi. Anayeanza habari mwezi Julai huona watu wenye silaha wanaovunja sheria. Anayeanza mwaka 1717 huona deni. Uamuzi wa wapi habari ianzie ni uamuzi mzito kuliko wote anaoufanya mwandishi wa matukio, na karibu kila mara hufanywa kimya kimya, kana kwamba siku ya kwanza ya habari ni siku ambayo wanahabari walifika.

Kutokana na siku hizo 78 alitengeneza filamu nyingine 3, mwaka 1995, 1997 na 2000. Ya mwaka 1995 ni fupi, na haitajwi sana, lakini ndiyo ninayoipenda zaidi. Inamhusu mwanamke wa Kahnawake aitwaye Kahentiiosta, aliyekamatwa pamoja na wenzake mzingiro ulipokwisha. Alipotakiwa kutaja jina lake, alitaja hilo, na mwendesha mashtaka wa Quebec hakulikubali kuwa jina. Wanawake wengine waliachiwa. Yeye aliwekwa kizuizini siku 4 zaidi. Hapakuwa na ardhi wala samaki katika ubishi huo. Kulikuwa na nafasi katika fomu, na mtu aliyekataa kuijaza kwa jina alilopewa na wengine.

Suala hili la karatasi na mdomo lilifika kileleni mwaka 2014, katika filamu yake juu ya Mkataba Namba 9. Mwaka 1905 makamishna walisafiri kwa mitumbwi kaskazini mwa Ontario wakiwa na mkataba uliokwisha andikwa na kukubaliwa baina ya serikali mbili, ile ya shirikisho na ile ya jimbo, hata kabla ya Wakrii na Waojibwe wanaohusika kuulizwa neno. Ulikuwa kwa Kiingereza. Karatasi inasema kwamba mataifa hayo yaliachia ardhi yao; wazee wamesimulia kizazi baada ya kizazi kwamba walichoahidiwa kwa mdomo, kupitia wakalimani, ni kuendelea kuwinda na kuvua kama walivyofanya siku zote, na kwamba walielewa wanakubali kuishi pamoja na wageni. Kwa muda mrefu ubishi huo ulionekana kuwa wa kumbukumbu dhidi ya ushahidi. Kisha ikafahamika shajara ya mmoja wa makamishna, Daniel George MacMartin, iliyohifadhiwa katika Chuo Kikuu cha Queen's, ambayo inaandika kuhusu ahadi hizo za mdomo. Katika filamu, kiongozi wa Wakrii Stan Louttit, ambaye babu yake alikuwa miongoni mwa waliotia alama kwenye mkataba, anaieleza shajara hiyo mbele ya watu wake.

Ni ushindi, lakini una ladha chungu. Wazee walikuwa wamesema kweli kwa zaidi ya miaka 100, na walianza kuaminiwa pale tu mkono wa Mzungu ulipopatikana umeandika walichokisema. Obomsawin hakawii hapo kushangilia. Baada ya shajara, anarudi kwa wazee na kwa vijana waliotembea kwa miguu katika theluji kufika Ottawa majira ya baridi ya mwaka 2012 na 2013, siku za Idle No More, harakati za kutetea haki za wenyeji wa asili, na mgomo wa kula wa Theresa Spence, chifu wa Wakrii. Mpangilio huo unaeleza msimamo wake kuliko hotuba: shajara ni shahidi mmoja kati ya mashahidi, na haikai kiti cha juu.

Msomaji wa Afrika Mashariki hana haja ya kuvuka bahari kulielewa swali hili. Tarehe 26 Mei 2017 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha, iliamua kwamba Kenya ilivunja haki za Waogiek kwa kuwafukuza katika Msitu wa Mau, na moja ya mambo yaliyobishaniwa lilikuwa ni kama watu hao ni jamii asilia yenye haki na msitu huo au ni wakazi tu kama wengine. Umoja wa Mataifa ulipopigia kura Azimio la Haki za Watu wa Asili tarehe 13 Septemba 2007, nchi 4 zililikataa, Kanada ikiwa mojawapo. Kenya na Burundi zilijizuia, Tanzania ikaunga mkono. Kanada ilibadili msimamo baadaye, na mwaka 2021 ikatunga sheria ya kulitekeleza azimio hilo. Kwetu, kamera zimekwenda kwa Wahadzabe na kwa Wamasai kwa miaka mingi, na nyingi zilikwenda kutafuta pinde na mashuka mekundu. Hesabu ya filamu ambazo mtu wa jamii hizo ndiye aliyeamua habari ianzie mwaka gani bado ni ndogo mno.

Turudi Kanada, kwa kuwa kuna lawama zinazostahili kujibiwa. Ya kwanza ni kwamba Obomsawin ana upande. Anao, na hajawahi kuficha. Lawama hiyo ingekuwa na nguvu kama upande wa pili ungekosa pa kusemea, na dola haijawahi kukosa. Ya pili ni kwamba filamu zake ni za mtindo wa kawaida, zenye sauti yake ya taratibu ikisimulia, picha za kumbukumbu, mahojiano marefu. Hazina ubunifu wa kuonekana ambao wahakiki wa tamasha huutafuta. Hii nayo ni kweli, na kwangu ni sifa. Filamu yake ya mwaka 2016 juu ya kesi iliyofunguliwa mwaka 2007 na shirika la kutetea watoto linaloongozwa na Cindy Blackstock pamoja na Baraza la Mataifa ya Kwanza inakaribia saa 3, na sehemu kubwa iko ndani ya chumba cha kusikilizia shauri, mashahidi wakieleza jinsi serikali ilivyotoa fedha pungufu kwa huduma za watoto wa Mataifa ya Kwanza. Inachosha, sitaki kumdanganya mtu. Lakini mchosho huo ndio ulioishi na walalamikaji kwa miaka 9, hadi uamuzi wa Januari 2016 ulipotamka kwamba serikali ilikuwa imebagua.

Lawama ya tatu ni nzito zaidi, na sidhani inajibika yote. Obomsawin hasemi sana juu ya migawanyiko ndani ya jamii anazozirekodi. Wamohawki hawakuwa na kauli moja mwaka 1990 juu ya silaha, wala juu ya nani hasa alikuwa na haki ya kuzungumza kwa niaba yao, na mtazamaji wa filamu ya mwaka 1993 anaweza kutoka bila kulitambua hilo vizuri. Naelewa sababu: mtu aliye ndani ya seng'enge hafungui kesi ya ndugu mbele ya askari. Hata hivyo daftari la pili, likitaka kuaminiwa kuliko la kwanza, halina budi kuandika pia madeni ya nyumbani, na hapo ndipo kazi yake inapowaachia wengine nafasi.

Pale dola yenyewe ilipoielekezea jamii lawama, aliijibu kwa tarakimu. Attawapiskat, jamii ya Wakrii karibu na ghuba ya James, ilitangaza hali ya hatari mwaka 2011 kwa sababu familia zilikuwa zikiishi katika vibanda na mahema kaskazini ile ya baridi kali. Waziri Mkuu Stephen Harper alijibu kwa kutaja dola milioni 90 zilizotolewa tangu serikali yake iingie madarakani, akiacha swali likielea, zimekwenda wapi. Kisha akateuliwa mtu wa nje kusimamia fedha za jamii. Filamu ya mwaka 2012 inakaa na swali hilo mpaka mwisho: fedha hizo zilikuwa za miaka kadhaa, na zilihusu shule, afya na huduma nyinginezo pamoja na nyumba. Mwaka huo huo Mahakama ya Shirikisho iliona uteuzi wa msimamizi yule haukuwa wa busara. Wengi walioisikia ile milioni 90 hawakuisikia hukumu.

Kejeli iliyomo katika maisha yake ya kazi iko wazi. Bodi ya Taifa ya Filamu ilianzishwa mwaka 1939 ili kuieleza Kanada kwa Wakanada na kwa ulimwengu, inaendeshwa kwa fedha za umma, na ndiyo iliyolipia filamu zinazoishitaki Kanada. Nchi hiyo pia imempa nishani yake kuu mara 3, kwa kumpandisha daraja mwaka 1983, 2001 na 2019. Kuna wanaoona hapa ujanja wa dola, kwamba inamkumbatia mkosoaji ili ionekane na usikivu. Hofu hiyo si ya kupuuzwa, kwani dola inaweza kuizawadia filamu na wakati huo huo kuendelea na kesi. Ila nauliza angepata wapi pengine miaka 50 ya mfululizo, ghala la kuhifadhia, na haki ya kurudi mahali pamoja baada ya miaka 20. Alirudi Listuguj mwaka 2003. Soko la filamu halilipi mtu arudi.

Tabia hiyo ya kurudi ndiyo iliyomfikisha kwa Jordan River Anderson, mtoto wa Norway House, Manitoba, aliyezaliwa mwaka 1999 na ugonjwa mzito. Madaktari walipokubali aondoke hospitali, serikali ya shirikisho na ya jimbo zilibishana kwa zaidi ya miaka 2 ni daftari la nani libebe gharama za kumtunza, na mtoto akafariki hospitalini mwaka 2005 bila kulala nyumbani hata usiku mmoja. Bunge lilipitisha kanuni yenye jina lake mwaka 2007, kwamba mtoto ahudumiwe kwanza na ubishi wa malipo ufuate, kisha utekelezaji ukasuasua kwa miaka. Filamu aliyoitoa mwaka 2019 inaonyesha familia zilizokuja kunufaika baada ya baraza la hukumu la haki za binadamu lililosikiliza ile kesi ya mwaka 2007 kuibana serikali. Mwaka 2023 mahakama iliidhinisha fidia ya zaidi ya dola bilioni 23 kwa watoto na familia zilizodhulumiwa na mfumo huo. Filamu hazikuipata fidia hiyo. Waliipata mawakili na walalamikaji. Zilichofanya ni kuweka mahali pamoja, kwa sauti za wenyewe, kile ambacho fidia inalipia.

Filamu yake ya kwanza, ya dakika 13, bado inaweza kutazamwa bure kwenye tovuti ya Bodi. Aliitengeneza Moose Factory, katika shule ya bweni, mojawapo ya zile ambamo watoto zaidi ya 150,000 wa wenyeji wa asili walipitishwa kwa kipindi cha zaidi ya karne moja ili waachane na lugha na desturi za kwao. Aliwapa watoto kalamu za rangi wachore Krismasi, akawarekodi. Hakuna picha nyingine humo ila michoro: theluji, mbwa, nyumba, watu waliovaa makoti makubwa. Wanaosimulia ni watoto wenyewe, na hakuna sauti ya mtu mzima inayoingia kueleza mtoto alitaka kusema nini.